Msaliti wa Barafuni

Jumatatu, 9 Machi

Siku mbaya. Imeanza na mama mkwe.

Mama mkwe ndiye mwenye ukumbi wa sinema. Mimi ndiye sauti ya ukumbi huo. Filamu zinakuja na lugha za mbali ambazo hapa mtaani hakuna anayezielewa, mimi nikiwamo. Haijawahi kuwa tatizo. Nashika maiki, nakaa kando ya pazia, na midomo ya watu wa kwenye picha ikifunguka, nasema. Ikifungwa, nanyamaza. Miaka yote hii hakuna aliyelalamika.

Leo asubuhi katuita mimi na shemeji, mdogo wake mke wangu, yule anayekata tiketi mlangoni. Kasema Muuza Magodoro wa barabara ya nyuma anautaka ukumbi uwe ghala lake. Kasema anatupa wiki moja. Filamu mpya ina diski tatu: leo, Alhamisi na Jumamosi. Jumamosi ukumbi usipojaa, au watu wakitoka wananung'unika, magodoro yanaingia. Nikauliza mimi je, nitakwenda wapi. Akanijibu kwamba magodoro hayahitaji mkalimani.

Filamu yenyewe ni ya wavumbuzi. Watu wazima, wenye akili zao, wanapanda meli kwenda mwisho wa dunia, kwenye barafu tupu. Kutafuta nini? Sijui. Sikuitazama kabla. Huo ni mwiko wangu: sitazami filamu mapema, naiona pamoja na watazamaji. Ukishaitazama nyumbani unakuwa karani. Mimi ni msanii.

Na msanii ana jicho. Kapteni ana ndevu, anapiga meza, anafoka: mtu mkweli huyo. Lakini kuna msaidizi wake, mwembamba, ana miwani. Nilipomwona tu, machale yakanicheza. Anatabasamu! Kwenye baridi ile! Nikamtangaza papo hapo: jamani, huyu ndiye msaliti, ametumwa kuiua safari hii. Ukumbi ukachemka. Fundi Baiskeli, ambaye kiti cha mbele ni kama amekirithi, alisimama akamtukana msaidizi mpaka mate yakamruka.

Tulipofunga, mama mkwe akauliza hawa watu wana nini, mbona wanaacha nyumba zao wakafe kwa baridi. Nikamweleza kwamba mtu haendi kwenye barafu bure: ama anamkimbia mtu, ama kuna kitu anataka kuiba. Shemeji, ambaye hakuna aliyemuuliza, akasema labda walitaka tu kujua kuna nini kule. Mama akaitikia kwa kichwa. Akamwitikia yeye, mimi hakunitazama.

Nimeliona hilo.

Jumanne, 10 Machi

Si bure. Kuna jambo linapikwa.

Shemeji kanijia asubuhi kwa adabu nyingi. Mkono kifuani, shemeji umeamkaje, shemeji mgongo wako unaendeleaje. Adabu ya namna hiyo ina bei yake. Nikasubiri. Ikaja: eti tuitazame diski ya tatu mapema, tujue mambo yanaishaje. Eti Jumamosi ni siku kubwa, tusije tukaumbuka. Nikamwambia ng'o. Akaomba basi aichukue yeye, aiangalie, airudishe. Nikamwambia ng'o mara ya pili.

Sasa jiulize. Mkata tiketi ana shida gani na diski ya tatu? Anakaa mlangoni, akiutazama ukumbi kwa kisogo. Mwisho wa filamu unamhusu nini?

Nimefikiri mchana kutwa nikiwa kitandani. Jibu limekuja lenyewe. Anataka kuiuza kwa Muuza Magodoro. Diski ikipotea, Jumamosi hakuna filamu. Filamu isipokuwepo, ghala. Na meneja wa ghala ni nani? Shemeji! Lo, damu ya mke wangu hiyo.

Nimemwahi. Diski zetu zote ni nyeupe, hazina maandishi, tunazijua kwa makasha yake. Jioni nimeitoa diski ya tatu, nikaitia kwenye kasha la video ya harusi yetu, nikaliweka kabatini nyumbani. Video ya harusi nimeitia kwenye kasha la filamu, nikaliacha ukumbini pale pale mezani. Aibe tu! Aibe, akakae na Muuza Magodoro watazame wajomba zangu wakicheza muziki.

Nilicheka peke yangu mpaka mke wangu akaja kuuliza nacheka nini. Nikasema si kitu. Akasema alijua.

Jumatano, 11 Machi

Kaiba!

Asubuhi kasha halikuwa mezani, na shemeji alikuwa anatoka na mfuko begani. Nikaamua kumfuata. Nimejifunza kwa Kapteni: safari isiyo na maandalizi ni maziko. Nikachukua biskuti, tochi ingawa jua lilikuwa kali, na kamba ya kuanikia nguo, maana huwezi kujua. Usoni nikajifunga mtandio wa mke wangu. Majirani watatu wakanisalimia kwa jina.

Shemeji alipita barabara ya nyuma. Alipofika dukani kwa Muuza Magodoro, akasimama. Wakapeana mikono. Wakacheka! Nilijibanza nyuma ya magodoro yaliyosimamishwa nje, nikatega sikio. Nikasikia wanaongea habari za mvua. Mvua! Watu wasio na siri huongea mambo ya maana. Wenye siri ndio huongea mvua.

Halafu shemeji akavuka barabara, akaingia duka la dawa. Nikajinyoosha nione vizuri, na magodoro yote yakaniangukia.

Muuza Magodoro alinifukua. Akanifungua mtandio polepole, akanitazama, akauliza kama ni mimi yule wa sinema. Ningesema nini? Nikasema nina mgongo, natafuta godoro. Basi ikawa kazi. Akanilaza kwenye moja, akanigeuza, akanilaza kwenye jingine, watu wanapita wanatazama. Huku jicho langu liko kwenye duka la dawa. Shemeji katoka baada ya muda mrefu, na mfuko hana. Diski kaiacha mle ndani.

Kwa hiyo njama ina watu watatu. Mwenye duka la dawa ni dada mmoja mtaratibu, msomi, kasoma ng'ambo. Hao ndio wabaya zaidi.

Godoro la tatu lilikuwa zuri sana. Nalisema hapa tu.

Alhamisi, 12 Machi

Diski ya pili. Ukumbi ulikaribia kujaa! Habari za msaliti zimeenea mtaani kuliko nilivyotarajia. Watu hawaji kuona barafu, wanakuja kumzomea yule mwembamba.

Na mimi sikuwanyima. Leo alikuwa anagawa biskuti kambini, kila mtu na yake, yeye kabakiwa na kipande. Nikawaeleza watazamaji kwamba nyingine ameficha kwenye soksi. Akamvulia Kapteni glavu zake. Nikasema kazilowesha ndani kwa makusudi, vidole vya Kapteni vigande. Mbwa mmoja kafa, akamkumbatia akilia. Mama mmoja nyuma akauliza, mbona analia kama ana roho mbaya? Nikajibu hayo ni machozi ya kuigiza. Ukumbi mzima ukasema "aaah," kama watu waliofunguliwa macho. Hapo ndipo ninapoipendea kazi hii.

Baadaye, tunapanga viti, shemeji akanisogelea. Akaongea chini chini, hataki mama asikie.

"Shemeji, usikasirike. Mimi naona yule mtu si mbaya."

Nikamuuliza amejuaje. Akasema anamtazama tu. Nikamuuliza tena, umejuaje? Akaendelea kupanga viti.

Amejuaje! Diski ya tatu ninayo mimi. Hawezi kujua mwisho. Ila kama ana nakala nyingine! Ndiyo maana hakurudi kulalamika kwamba nilimbambikia video ya harusi. Hawaitaki ile yangu, wanayo yao. Kesho wataionyesha bure kwenye duka la magodoro, watu wamelala kabisa, wamestarehe, na Jumamosi mimi nitatafsiria viti.

Usingizi sipati. Naogopa. Nikinyang'anywa maiki, mimi ni nani? Mtaani wananiita Sauti. Hakuna anayemwita mtu Sauti kwa kukaa nyumbani.

Ijumaa, 13 Machi

Asubuhi yote nimekaa nje ya duka la magodoro, nikarudi nyumbani kula. Hakuna filamu iliyoonyeshwa. Wameahirisha, bila shaka kwa sababu waliniona.

Mchana Dada wa Dawa kaja nyumbani kwetu mwenyewe, na mfuko ule ule. Kasalimia vizuri, kakaribishwa, kakaa. Akamwambia mke wangu ameitazama yote, tangu mwanzo mpaka mwisho. Gauni lilimpendeza sana. Keki nayo ilikuwa nzuri. Ila hakuelewa alitakiwa atafsiri nini, maana wote walikuwa wanaongea Kiswahili.

Mke wangu akaomba aelezwe taratibu.

Ikaelezwa. Dada wa Dawa alisoma katika nchi yenye lugha ile ya kwenye filamu. Anaijua kama anavyomjua mama yake. Shemeji alimwomba aitazame diski ya tatu, ampe maneno yake ya kweli, ili Jumamosi mimi niyasome na nisiaibike. Alimsihi asinitajie, maana eti mimi ni msanii na nina moyo mwepesi. Halafu huyo dada akauliza swali moja, kwa nia njema kabisa: yule mwanamume aliyekuwa akigeuka nyuma kila mara, mpaka wakati wa kuvishana pete, alikuwa nani?

Mke wangu akasema huyo ndiye bwana harusi.

Alipoondoka, mke wangu akanigeukia. Video yake ya harusi imekwenda kutazamwa na watu baki, na anataka kujua imefikaje kwenye kasha la filamu. Nikasema wazi kwamba ndani ya familia hii kuna mwizi wa diski. Akanitazama bila kupepesa. Nikaenda kuchota maji, ingawa ndoo zote zilikuwa zimejaa.

Shemeji akaja jioni kuiomba tena diski ya tatu. Dada wa Dawa yuko tayari kuitazama leo leo. Mke wangu akasema nimpe. Mama mkwe akasema nimpe. Watu watatu, sauti moja. Nani amewapanga? Na hayo maneno ya kweli ni ya nini? Mwenye maneno ya kweli ndiye mwenye maiki. Nilikuwa nimekosea tu mahali: si ghala analolitaka, ni kiti changu!

Sikumpa.

Jumamosi, 14 Machi

Naandika hata viatu sijavua.

Ukumbi ulifurika. Watu wamekaa sakafuni, wengine wamesimama ukutani. Fundi Baiskeli kaja na shati la kupiga pasi. Muuza Magodoro kaja na futi ya kupimia, akakaa pembeni kabisa, anatazama dari. Dada wa Dawa alikuwa mlangoni karibu na shemeji. Nikaitoa diski kwenye kasha la harusi, nikaiweka, nikashika maiki.

Mwanzo ulikwenda vizuri. Upepo, barafu, Kapteni na msaidizi wamebaki wawili tu. Nikawaambia watu: sasa wamebaki peke yao, kaeni sawa. Mara barafu ikapasuka. Kapteni akatumbukia kwenye ufa, ananing'inia kwenye kamba, na kamba iko kiunoni kwa msaidizi. Raha iliyonipata! Nikanguruma: sasa anaikata!

Hakuikata. Akajilaza, akakita visigino barafuni.

Nikasema anatafuta kisu. Hakutafuta kisu. Alianza kuvuta, mikono inachubuka, damu inaonekana. Nikasema anamvuta amuue kwa mkono wake, msaliti hapendi kazi nusu. Akamtoa. Akamkumbatia. Nikasema anamkaba. Akamvua viatu, akamsugua miguu, akambeba mgongoni, akaanza kutembea.

Na akatembea. Jamani, yule mtu alitembea! Filamu gani inamwonyesha mtu akitembea tu? Theluji usoni, anaanguka, anainuka, Kapteni mgongoni. Maneno yaliniisha. Ndipo Fundi Baiskeli akauliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza kwa kweli:

"Sasa anambeba mpaka wapi ndiyo amuue?"

Wakacheka. Halafu hawakucheka tena. Walianza kugeuka kunitazama mimi, si picha. Nikajikaza kisabuni, nikasema mmewachanganya, anayebeba ndiye Kapteni, amenyoa ndevu njiani. Hapo ndipo kiatu cha kwanza kilipokuja. Yule mama wa nyuma akaniita mwongo, kwamba kwa wiki nzima nimemfanya amtukane mtu asiye na hatia. Watu wakaanza kusimama. Muuza Magodoro naye akasimama, akaanza kupima ukuta. Nikamwona mama mkwe amejishika kichwa. Maiki ikaniponyoka.

Shemeji akaiokota.

Dada wa Dawa akakaa sakafuni karibu yake, akawa anamnong'oneza, naye anasema. Hakunguruma hata kidogo. Alikuwa anasema kama mtu anayeongea na mgonjwa, na ukumbi ukalazimika kunyamaza ili umsikie. Kumbe pale mgongoni walikuwa wanaongea muda wote. Kapteni alikuwa anamwomba amwache. Alimuuliza kwa nini alikuja safari hii, mtu mwenye mke na nyumba yake nzuri. Yule mwembamba akamjibu:

"Nilitaka kuona kuna nini huku. Na nikikuacha, nikifika kwetu nitamsimulia nani? Wengine hawatanielewa."

Fundi Baiskeli alilia na shati lake la pasi. Muuza Magodoro akaiacha futi ijikunje yenyewe, akakaa. Walipofika pwani, wakaona moshi wa meli, watu walipiga makofi mpaka vumbi likaanguka darini. Sitaandika kwamba na mimi nililia. Kulikuwa na vumbi.

Halafu shemeji akafanya jambo ambalo mpaka sasa linanizungusha kichwa. Aliwasha taa, akawaambia watu kwamba makosa ya wiki nzima ni yake. Eti yeye ndiye aliyenipa habari za filamu vibaya, mimi nimetafsiri kwa uaminifu kile nilichopewa. Akawaomba radhi. Akawaomba wanipigie makofi mimi, Sauti yao. Wakanipigia! Aliyerusha kiatu alikuja kukichukua, akanipa mkono.

Mama mkwe akatangaza hadharani kwamba ukumbi unabaki ukumbi. Muuza Magodoro akauliza filamu ijayo ni lini.

Tulipofika mlangoni kwetu mke wangu akasema.

"Amejipaka matope mbele ya mtaa mzima ili wewe ubaki msafi. Kesho nenda ukamwambie asante. Asante tu, halafu nyamaza."

Jumapili, 15 Machi

Nimekwenda. Ieleweke kwamba nimekwenda.

Nimemkuta anafagia ukumbi peke yake. Mama mkwe, niliyepishana naye nje, kanieleza kwamba ametoka kumpa maiki. Kampa kabisa, mkononi: kuanzia leo wewe ndiye utakuwa unasema. Naye kakataa! Kamwambia mama kwamba hiyo ni kazi ya shemeji yake, na kwamba watu wanampenda. Maiki alikuwa ameifuta vumbi, ameiweka juu ya kiti changu.

Nikiri, moyo ulilainika. Nilisimama pale mlangoni na asante yangu mdomoni, iko tayari. Akaniona. Akaacha ufagio. Akanionyesha boksi la filamu ya wiki ijayo, ya watu wanaozama kwenda kuona sakafu ya bahari, ndani ya chombo cha chuma cha watu wawili. Akasema:

"Shemeji, safari hii tuitazame kwanza, mimi na wewe. Dada atatusaidia maneno. Wewe useme, maana mimi sauti sina."

Ilikuwa karibu nikubali. Nilishafungua mdomo. Halafu akili ikaniamka. Mtu anapewa maiki, anaikataa? Anabeba lawama isiyo yake, bure? Kwa faida gani? Hakuna mtu anayeokoa mtu hivihivi. Yule mwembamba naye, ukimfikiria vizuri, alihitaji shahidi wa safari yake, ndiyo maana akambeba. Na huyu wangu anahitaji nini? Ni kitu kikubwa kuliko ghala, kikubwa kuliko maiki. Kikubwa kiasi kwamba sijakiona bado. Nitakiona tu. Nimeliangalia lile boksi pia: wale wawili kwenye chombo, mmoja ameshika usukani, mwingine anamshikia taa. Huyo mwenye taa nimeshamjua.

Shemeji akaninyooshea mkono wa kulia, tuyamalize.

Mimi nikautazama wa kushoto.